Uzoefu wangu na mkopo wa nyumba wa miaka 20: bei yake ya kweli na inakojificha

Mkopo ninaoutathmini hapa ni wa kawaida: miaka 20, riba inayobadilika iliyoanzia asilimia 12 kwa mwaka, inayokokotolewa kwenye salio linalopungua (yaani deni lililobaki mwezi huo), rejesho moja kila mwezi, na nyumba yenyewe ndiyo rehani. Jina la benki silitaji, kwa sababu karibu yote nitakayoyaeleza yamo kwenye mikataba ya benki nyingi. Namba zote ni kwa kila 1,000,000 unayokopa, iwe sarafu gani. Ukikopa mara 40 ya hapo, zidisha kwa 40.

Hukumu yangu naitanguliza. Mkopo huu unafanya kazi yake: unaingia kwenye nyumba leo badala ya kusubiri miaka mingi ukiweka akiba. Tatizo ni jinsi unavyouzwa. Mezani kwa ofisa mikopo mazungumzo ni mawili tu, riba ni asilimia ngapi na rejesho la mwezi ni kiasi gani. Lakini mambo hayo mawili hayakuambii utalipa nini. Kinachoamua bei ya mkopo wa muda mrefu ni kasi ambayo deni la msingi, yaani kiasi ulichokopa bila riba, linapungua, na kasi hiyo mwanzoni ni ndogo kuliko watu wengi wanavyodhani.

Tazama mwezi wa kwanza. Rejesho ni 11,010.86. Riba ya mwezi ni asilimia 1 ya 1,000,000, yaani 10,000. Kinachobaki kupunguza deni ni 1,010.86 tu. Mwezi wa pili riba inapigwa kwenye 998,989.14, inapungua kwa takribani 10, na hizo 10 ndizo zinazohamia upande wa deni. Hesabu inatambaa hivyo hivyo kila mwezi. Mwaka wa kwanza ukiisha umelipa zaidi kidogo ya 132,000, na deni limepungua kwa 12,820. Baada ya miaka 5 umelipa 660,652 na bado unadaiwa 917,443. Baada ya miaka 10, nusu ya muda wote, salio ni 767,463. Ni kwenye rejesho la 172, zaidi ya miaka 14 tangu kuanza, ndipo sehemu inayopunguza deni inapoizidi sehemu ya riba. Nusu ya deni inamalizika mwaka wa 15. Ukifika mwisho umelipa jumla ya 2,642,607.

Hakuna udanganyifu katika hilo. Ni hesabu ya kawaida ya rejesho lisilobadilika. Ila anayeuza nyumba mwaka wa 6 akitegemea kuwa "nimeshalipa robo ya mkopo" anakuta karibu kila alicholipa kilikwenda kwenye riba. Kama unajua kwamba huenda ukahama ndani ya miaka michache, namba ya kuangalia kabla ya zote ni salio la mwaka unaotarajia kuondoka.

Jedwali hili usisubiri upewe, litengeneze. Fungua Excel, andika =PMT(0.12/12,240,-1000000) upate rejesho. Kisha weka safu tano: namba ya mwezi, salio la mwanzo, riba (salio la mwanzo mara 0.12/12), deni lililopungua (rejesho toa riba), salio la mwisho. Salio la mwisho la mwezi mmoja ndilo la mwanzo la mwezi unaofuata. Vuta fomula hadi mstari wa 240. Mstari wa mwisho lazima usome sifuri. Halafu omba jedwali la benki uliweke kando ya lako. Yakitofautiana, sababu huwa ni mojawapo ya hizi: ada imeongezwa kwenye deni, bima imeingizwa kwenye rejesho, au riba inahesabiwa kwa siku. Hilo la siku linastahili swali lake. Mkataba ukisema mwaka una siku 360 huku riba ikitozwa kwa siku zote 365, asilimia 12 inakuwa kama 12.17. Ni kidogo kwa mwezi, lakini inakufuata miaka 20.

Sasa muda wa mkopo, mahali ambapo watu hupoteza fedha nyingi wakiwa wanatabasamu. Kwa riba ileile ya asilimia 12, miaka 15 ina rejesho la 12,001.68 na jumla ya 2,160,303. Miaka 25: rejesho 10,532.24, jumla 3,159,672. Miaka 30: rejesho 10,286.13, jumla 3,703,005. Angalia hatua ya kutoka 25 kwenda 30. Unafuu wa mwezi ni 246 tu, na gharama yake ni zaidi ya 543,000. Sababu ni kwamba rejesho haliwezi kushuka chini ya riba yenyewe, 10,000 kwa mwezi, hata ungepewa miaka 100. Kadiri unavyorefusha, ndivyo unavyoukaribia ukuta huo na ndivyo unafuu unavyokuwa mdogo. Ofisa anaposema "tukikuongezea miaka mitano rejesho litashuka", muulize litashuka kwa kiasi gani na jumla itapanda kwa kiasi gani, aziandike zote mbili kwenye karatasi moja.

Kuna mtego mwingine, nadra kwenye mikopo ya nyumba ya benki kubwa lakini upo kwa baadhi ya wakopeshaji na kwa wajenzi wanaokopesha wenyewe: riba inayopigwa kwenye kiasi cha mwanzo hadi mwisho, bila kujali umeshalipa kiasi gani. Asilimia 12 ya namna hiyo kwa miaka 20 inazaa riba ya 2,400,000 na rejesho la 14,166.67. Ukiibadilisha iwe riba ya salio linalopungua, ni kama asilimia 16.3. Kwa hiyo tangazo la "asilimia 9 tu" halina maana yoyote mpaka ujue asilimia hiyo inapigwa kwenye nini.

Riba inayobadilika ndiyo sehemu ninayoipa alama za chini kabisa. Si kwa sababu inapanda, kwani hilo umekubali uliposaini, bali kwa sababu ya kinachotokea kimyakimya ikipanda. Chukua mkopo wetu baada ya miaka 5, salio 917,443, riba ikaenda asilimia 14. Benki ina njia mbili. Ya kwanza ni kupandisha rejesho hadi takribani 12,218 ili mkopo uishe kwa wakati. Inauma, lakini unaiona. Ya pili ni kuacha rejesho lilelile la 11,010.86 na kurefusha muda. Riba ya mwezi sasa ni 10,703.50, kinachopunguza deni ni 307, na miezi 180 iliyobaki inageuka kuwa 309. Yaani miaka 15 imekuwa karibu 26, na kwenye akaunti yako hakuna kilichobadilika, fedha inakatwa ileile. Riba ikifika asilimia 15 ni mbaya zaidi: riba ya mwezi inakuwa 11,468, rejesho haliifikii, na deni linaanza kukua huku unalipa bila kukosa. Ndiyo maana kila riba inapobadilishwa ni lazima udai kwa maandishi tarehe mpya ya kumaliza mkopo. Na ukiweza kumudu, chagua rejesho lipande.

Soma pia kifungu kinachosema riba inapandaje. Mkataba mzuri unaifunga riba kwenye kiwango kinachotangazwa hadharani, tuseme cha benki kuu, kisha unaongeza asilimia kadhaa zilizoandikwa humo na kutaja inapitiwa kila baada ya miezi mingapi. Mkataba dhaifu unasema benki inaweza kubadilisha riba "kwa hiari yake kwa kutoa taarifa". Kwenye huo wa pili, viwango vya soko vikishuka hakuna kinachoilazimisha benki ikushushie wewe.

Ada. Ya uchakataji wa mkopo, ya mthamini, ya wakili, ya kusajili rehani, kodi au ushuru wa hati. Zikifika asilimia 3 ya mkopo na zikakatwa kwenye fedha unayopewa, unapokea 970,000 lakini unalipa kama uliyepewa 1,000,000. Riba yako halisi inakuwa takribani asilimia 12.5 ukikaa hadi mwisho, na kama 12.8 ukiulipa wote na kuondoka mwaka wa 5, maana ada ileile imebebwa na miaka michache. Benki ikikuambia usijali, zitaongezwa kwenye mkopo, hizo 30,000 zinakuwa 79,278 kwa miaka 20. Zilipe mfukoni kama unaweza.

Bima ya maisha ya mkopaji nayo ina swali moja tu la msingi: inatozwa kwenye mkopo wa mwanzo au kwenye salio? Tuseme ni asilimia 0.5 kwa mwaka. Kwenye mkopo wa mwanzo ni 100,000 kwa miaka 20. Kwenye salio ni kama 68,000. Kinga inayotolewa ni ileile, kwa sababu bima inalipa deni lililobaki, si zaidi.

Sasa linalonifanya niupende mkopo huu licha ya yote: unaruhusu kulipa zaidi. Ongeza 1,000 kwenye rejesho la kila mwezi tangu mwanzo, na mkopo wa miaka 20 unaisha ndani ya miaka 15. Riba unayookoa inakaribia 485,000. Nasisitiza mwanzoni, kwa sababu kila kiasi unachopunguza mapema kinaondoa riba ya miaka yote iliyobaki.

Lakini hapa pana kosa linalowagharimu wengi, na ni la neno moja kwenye fomu. Tuseme mwisho wa mwaka wa kwanza unapata 50,000 na kuzipeleka kwenye mkopo. Benki inaweza kubakiza rejesho na kufupisha muda; mkopo unaisha karibu miaka mitatu mapema na unaokoa riba ya takribani 352,000. Au inaweza kubakiza muda na kushusha rejesho hadi 10,453. Hapo unaokoa kama 77,000 tu. Benki nyingi, usipochagua, zitakuchagulia. Andika barua au jaza fomu isemayo wazi: "kiasi hiki kipunguze deni la msingi, rejesho libaki, muda ufupishwe." Kisha baada ya siku chache vuta taarifa ya mkopo uone salio limeshuka siku ileile uliyolipa. Kuna mifumo inayoiweka fedha ya ziada kama rejesho la mwezi ujao lililolipwa mapema, na hapo haikuokolei chochote cha maana. Kabla ya yote, soma kama kuna adhabu ya kulipa mapema. Hata kukiwa na adhabu ya asilimia 1 au 2 ya kiasi unachoongeza, kulipa zaidi bado kuna faida mwanzoni mwa mkopo. Mkopo ukikaribia mwisho, piga hesabu upya.

Kuchelewa pia kuna hesabu yake. Kwenye mikataba mingi fedha unayolipa inaanza kufuta adhabu, halafu ada na bima, halafu riba, na deni la msingi linakuja mwisho. Mwezi mmoja uliochelewa kwenye miaka ya mwanzo unaweza kumeza kile chote ambacho kingepunguza deni mwezi huo. Na kipindi cha neema wakati wa ujenzi, yaani muda ambao hudaiwi rejesho, kama riba inaongezwa kwenye deni, kinakugeuzia 1,000,000 kuwa 1,126,825 kwa mwaka mmoja kabla hujalipa rejesho hata moja.

Kwa haki ya mkopo wenyewe, hiyo 2,642,607 haina uzito sawa na fedha ya leo. Mfumuko wa bei ukiwa wastani wa asilimia 5 kwa mwaka na rejesho lisipobadilika, marejesho yote yana thamani ya takribani 1,684,000 ya leo. Upande wa pili, jedwali la benki halihesabu matengenezo, kodi ya majengo wala bima ya moto, na hivyo vinapanda pamoja na bei. Anayelinganisha mkopo na kupanga nyumba lazima aviweke upande wa mkopo, kisha upande wa kupanga aweke kodi ya pango inayopanda.

Unapomaliza, fedha ya mwisho haifungi jambo. Omba kwanza barua ya kiasi cha kumalizia yenye riba hadi siku utakayolipa, kwa sababu salio unaloliona kwenye simu mara nyingi halina riba ya siku za katikati. Ukishalipa, dai barua ya kumaliza deni, hati miliki ya asili, na nyaraka za kuondoa rehani, kisha uzipeleke mwenyewe kwa msajili wa hati. Simamisha maagizo ya makato ya kila mwezi na uifute bima iliyofungwa kwenye mkopo. Ikiwa ulilipia mwaka mzima mbele, uliza sehemu ya kurudishiwa.