Wintab32.dll: kifaili cha bure ambacho ndo roho ya tableti yako ya kuchorea

Wakuu, kila siku watu wanasifia tableti zenyewe, mara presha level 8192, mara kalamu haihitaji chaji, ila faili zinazofanya kompyuta imuelewe huyo mwenye kalamu hamna anayezizungumzia. Sasa leo mi naizungumzia moja, wintab32.dll.

Ingia C:\Windows\System32, kama ulishawahi kuweka draiva ya tableti (programu inayoiunganisha na kompyuta) utaikuta hapo, na pacha wake wa programu za biti 32 yuko SysWOW64. Haiji na Windows, inaletwa na draiva ya kampuni iliyotengeneza tableti yako. Programu ya kuchorea kama Photoshop au Krita ikitaka kujua umekandamiza kalamu kiasi gani au umeilaza upande upi, anayejibu ni huyu. Mfumo wenyewe wa programu kuongea na kalamu unaitwa Wintab, ni wa mwanzoni mwa miaka ya 1990 na mpaka leo unapiga kazi, mstari unatoka mwembamba unanenepa unakwisha kwa ncha kama mkono wako ulivyotaka. Kwa kuchora naipa 4 kati ya 5.

Hiyo nyota moja nimeinyima kwa sababu kila kampuni inaleta wintab32.dll yake na jina ni lilelile! Ukiwa na tableti ya zamani ukanunua ya kampuni nyingine ukaweka draiva juu ya draiva, ndo utaona kalamu inatembea vizuri tu kwenye skrini ila brashi inatoa mstari wa unene mmoja mwanzo mwisho, hata ukandamize mpaka meza ilie. Mtu anakimbilia kurudisha tableti dukani kumbe nzima. Toa draiva zote, zima uwashe, kaangalie kwenye yale mafolda mawili kama kuna mabaki uyatoe, halafu weka draiva moja tu, ya tableti unayotumia.

Na jamani msiende kudaunlodi dll kwenye zile saiti za "rekebisha dll yako bure". Faili ya draiva nyingine haitaongea na draiva yako, na hujui wamekuwekea nini humo ndani. Chukua draiva nzima kwa mtengenezaji, basi.

Mpinzani wake ni Windows Ink, mfumo wa kalamu wa Microsoft. Huyu anakuja na Windows yenyewe na kwa kuandika hana mpinzani, maana Wintab haijui kusoma mwandiko, inatoa tu kalamu iko wapi na presha ngapi. Wanaosoma mwandiko ni kina inkobj.dll na ndugu zake, wako kwenye Common Files, folda la microsoft shared, ndani ya ink, ukoo wao unaanzia ile Windows XP ya Tablet PC ya 2002. Pakiti ya mwandiko wa Kiswahili cha Kenya nayo ipo, unaiongeza kwenye mipangilio ya lugha. Kwa noti za darasani naipa 4, kwa kuchora 2, kwa sababu ya kale kaduara kanakotokea ukishikilia kalamu sehemu moja, kanadhani unataka kubofya kulia, yaani uko katikati ya kuweka kivuli kwenye jicho menyu inakufungukia usoni. Kanazimika lakini, kwenye mipangilio ya kalamu.

Kwenye Krita unachagua mwenyewe Wintab au ya Windows, iko kwenye mipangilio ya tableti, safi sana. Photoshop ndo inasumbua, yenyewe inaenda moja kwa moja kwa Windows Ink, kwa hiyo ukiizima Windows Ink kwenye draiva presha inapotea mpaka utengeneze faili la maandishi PSUserConfig.txt uandike ndani UseSystemStylus 0 uliweke kwenye folda la settings la Photoshop. Mwaka gani huu bado tunaandika vifaili kwa mkono aisee.

Walio Linux wao wanakula bata na libwacom, hazina ya taarifa za tableti inayoiambia kompyuta umechomeka tableti gani. Jina lisikutishe, Wacom ni kampuni ya tableti ila tableti za kampuni nyingine nazo zimo, kila tableti ina faili lake la .tablet kwenye /usr/share/libwacom, maandishi ya kawaida kabisa unafungua unasoma: jina, namba ya USB, ina vitufe vingapi. Tableti yako isipokuwemo unaandika faili lako unaliweka /etc/libwacom. Hii 5 kavu.