Space Battleship Yamato (2010): mpwa wangu aliniambia stelingi hafi

Filamu hii ya Kijapani, inayoigiza kwa watu halisi katuni ya zamani, nimeitazama mara mbili. Mara ya kwanza nusura niizime, maana faili niliyopewa kwenye fleshi ilikuwa na maandishi ya Kiingereza yanayochelewa sekunde kadhaa: mtu keshalipuka, ndipo unasoma anavyoomba msaada. Hilo si kosa la filamu. Tafuta nakala ya maana, halafu zima taa.

Katuni yenyewe ilianza kurushwa Japani mwaka 1974, vipindi 26. Hadithi ni ya mwaka 2199: Wagamila, maadui kutoka sayari nyingine, wameishambulia dunia kwa mabomu mpaka juu ya ardhi ni mionzi mitupu, na tumaini limebaki kwenye sayari ya Iscandar, umbali wa miaka ya nuru 148,000. Chombo cha kwenda huko kinatoka kwenye Yamato, ile manowari iliyozamishwa na Wamarekani Aprili 1945. Ukisimuliwa hivi mchana kweupe unacheka. Lakini ardhi ilipopasuka na lile dude likaanza kunyanyuka, mpwa wangu wa miaka kumi na miwili aliacha kutafuna karanga.

Takuya Kimura ndiye Kodai, rubani wa zamani ambaye tunamkuta akiokota vyuma. Ni staa mkubwa kwao, na mwanzoni hataki tusahau. Ninayempenda mimi ni Tsutomu Yamazaki, Kapteni Okita. Mzee anakaa tu kitini, kofia kichwani, ndevu nyeupe, maneno machache, na bado wewe uliye sebuleni kwako unakaa sawasawa.

Sasa malalamiko. Vipindi 26 vimebanwa ndani ya dakika 138, kwa hiyo safari yote ile imekuwa kama Mbagala hadi Posta siku isiyo na foleni. Wagamila wa katuni walikuwa watu wenye ngozi ya buluu, na Dessler, kiongozi wao mwenye maringo. Hapa wamegeuzwa viumbe vya fuwele. Adui asiye na sura humchukii vizuri. Tena baadhi ya vyumba vya ndani vinanukia studio, ingawa picha za angani zinapendeza. Si ajabu mwongozaji, Takashi Yamazaki, alikuja kuchukua Oscar ya 2024 kwa madoido ya Godzilla Minus One.

Mabadiliko mengine nimeyapenda. Yuki, mwanamke mkuu wa hadithi, hapa ni rubani wa kivita. Daktari Sado naye amekuwa mwanamke, ila chupa ya sake, ile pombe ya Kijapani, ipo palepale.

Kilichonirudisha mara ya pili ni tukio moja. Chombo cha adui kinang'ang'ania tumbo la meli, kwenye chumba cha chini, na wenzao bado wamo humo. Kodai, ambaye wakati huo ndiye anayeshika nafasi ya kapteni, anamwamuru Yuki akipige kile chumba kiachane na meli. Yuki anapiga. Baada ya hapo Kimura anaacha ustaa na kuanza kuigiza.

Naipa saba kwa kumi. Mpwa wangu alikuwa akinituliza tangu katikati: "Mjomba, usiogope, stelingi hafi." Majina ya waigizaji yalipoanza kupanda, Steven Tyler akiimba kwa sauti yake ya kukwaruza, nikanyoosha mkono nizime. Akanizuia. Alikuwa bado anamsubiri Kodai atokee.