Kahawa baridi ya mbegu za miwati: nilitaka kuitupa pakiti nzima

Sikununua unga ule wa mbegu za miwati ili nikatukanwe. Naanza na hilo kwa sababu bado limenikaa kooni.

Sisi tuliokulia Njombe tunaijua miti ya miwati kwa magome na mkaa, malori yamesheheni yakielekea kiwandani Kibena, magome yakatoe dawa ya kutengenezea ngozi. Kumbe huku Australia, ilikotoka miti hiyo, iko ya aina nyingi mno, na mbegu za baadhi yake huliwa. Wenyeji wa asili wamekuwa wakizisaga kwa mawe na kuoka mikate majivuni tangu enzi na enzi. Zikikaangwa zinanukia kahawa, karanga na chokoleti kwa pamoja. Nilipoiona pakiti kwenye duka moja la viungo hapa Melbourne, nilijiona kama nimekutana na mtu wa kwetu.

Pakiti iliandikwa: koroga kwenye kahawa baridi, tia maziwa na barafu, kunywa. Basi. Jumamosi moja ya joto kali nikawaandalia wageni, krimu juu na donge la aiskrimu kama wanavyopenda huku. Shemeji akapiga funda la kwanza, akanyamaza, akatafuta kitambaa, akatema. Chenga! Chenga ngumu kama mchanga wa mtoni, nyingine zimetuama chini ya glasi. Watoto wakaziacha glasi zao mezani. Nilipata aibu ile ya kumpakulia mgeni wali wenye mawe.

Nikaipeleka pakiti dukani kulalamika. Muuzaji hakuinua hata macho kwenye simu yake. "Labda kwenu hamjazoea kahawa."

Mimi! Mama yangu mdogo analima kahawa Mbinga. Nimeichuma, nimeianika kwenye vichanja, kabla yule kijana hajazaliwa. Nilitetemeka mwili mzima, hata nilichomjibu sikikumbuki.

Siku ile ningewaambia msiguse kabisa. Lakini jirani yangu, bibi mmoja mtu mzima, alinisikia nikilalamika uani, akaniambia zile huchemshwa kwanza. Vijiko viwili kwa kikombe cha maji, moto mdogo, mpaka zivimbe zilainike. Nikachuja kwa kitambaa, nikaacha ipoe, nikachanganya na kahawa nzito, maziwa na krimu. Jamani! Ile harufu ya kitu kilichokaangwa inatangulia, kisha krimu inaituliza, utamu unabaki ulimini muda mrefu. Hata yale makapi laini niliyakoroga kwenye aiskrimu, hayakubaki.

Mbegu hazina kosa, nazifuta lawama. Maneno mawili tu, "chemsha kwanza", yangetosha pakitini. Na yangetosha mdomoni mwa yule kijana badala ya tusi! Kila nikinywa namkumbuka, na hasira inarudi upya.

(Mlioko Njombe, msichume za kwenu mkajaribu. Miwati ya magome siyo hii.)

Pakiti imebaki robo. Shemeji ameshauliza nitatengeneza tena lini, na pale sirudi. Mwenye kujua duka jingine hapa Melbourne anielekeze.