Edda ya Snorri: Usinunue Iliyokatwa Mkia

Malalamiko ya wanunuzi wa Edda ya Snorri kwa Kiingereza yanafanana. Kitabu kimefika, visa vya Odin na Thor, miungu ya kale ya Skandinavia, vimo, lakini sehemu ambayo wataalamu hawaachi kuitaja haionekani. Hakuna ukurasa uliochanwa. Tafsiri ndiyo iliyopunguzwa, na jalada limenyamaza.

Snorri Sturluson aliandika kitabu hiki Iceland miaka ya 1220, na kina sehemu nne: dibaji, Gylfaginning (visa vya miungu), Skáldskaparmál (lugha ya washairi) na Háttatal (bahari za ushairi, beti zaidi ya 100). Ni kitabu cha kufundishia utunzi. Visa vimo ili mshairi ayajue mafumbo: “nywele za Sif” (mke wa Thor) ni dhahabu, “moto wa Ægir” (jitu la bahari) nao ni dhahabu. Ondoa sehemu mbili za mwisho, unabaki na ngano tu.

Kwa hiyo aina ya karatasi na picha ziache kwanza. Fungua yaliyomo, utafute neno Háttatal. Anayejua vina na mizani ataona mara moja kilichopotea. Háttatal inaanza hivi:

Lætr sás Hákun heitir
hann rekkir lið bannat

Mizani sita kila mstari. Juu, læt na heit zinalingana konsonanti ya mwisho tu, irabu mbali. Chini, hann na bann ni kina kamili. Halafu H mbili za Hákun na heitir zinaitikiwa na h inayofungua mstari wa pili. Ubeti mzima ni mistari minane ya kubanwa hivyo.

Tafsiri ya kwanza kwangu, na sifichi upendeleo, ni ya Anthony Faulkes, iliyochapishwa na Everyman, 1987. Sehemu zote nne zimo. Kiingereza chake ni kikavu, hasa kwenye mashairi, maana anashika maana kuliko mapambo, vumilia. Anayetaka matini ya Kiaislandi ajue Faulkes huyohuyo ameihariri, na Viking Society for Northern Research imeiweka bure mtandaoni. Skáldskaparmál peke yake ni majalada mawili, la pili likiwa la msamiati na majina.

Ya pili ni Jesse Byock, Penguin, 2005. Inasomeka kwa raha kuliko zote, ila Háttatal haimo, na Skáldskaparmál imechujwa: visa vimebaki, mafumbo mengi na mashairi yake yameachwa.

Ya bei nafuu ni Arthur Gilchrist Brodeur, 1916. Skáldskaparmál ipo, Háttatal hakuna. Isome bure mtandaoni.

Bure, nasema, kwa sababu kuna wauzaji wanaoichapa upya kutoka kwenye skani, wanabandika jaladani kofia ya pembe (ambayo Waviking hawakuivaa vitani), wanafuta jina la mtafsiri, kisha wanadai bei ya kitabu kipya. Kompyuta ikishindwa kusoma Æ inaandika JE, na Æsir (ukoo wa miungu) wanageuka JEsir kitabu kizima. Wengine wanaandika jina la Snorri juu ya Edda ya mashairi, ambayo ni mkusanyo mwingine kabisa, usiojulikana watunzi wake.

Dai picha mbili kabla ya kulipa: yaliyomo, na ukurasa wenye jina la mtafsiri. Nyota za wasomaji usizitegemee. Maduka ya mtandaoni huchanganya maoni ya matoleo tofauti, sifa za Faulkes zikatua chini ya kofia ya pembe.