Kibanda cha sombe Kibirizi, jirani na mwalo

Hakina bango, ukifika Kibirizi ulizia mama wa sombe, yaani kisamvu, utaonyeshwa tu. Nimeshinda hapo siku nne na nataka watu wetu wanaopita Kigoma wakijue.

Mi nimekulia kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu kule Kasulu, wazazi walivuka ziwa 1996 wakitokea Kongo upande wa Fizi mi nikiwa mgongoni, afu tukapelekwa Marekani, sa hivi ni mwaka wa tisa niko Ohio. Kule sombe tunanunua imegandishwa kama tofali, unapika saa tano usiku umetoka shifti, wife keshaingia shifti yake, unakula peke yako umesimama hapohapo jikoni. Kwa hiyo mama aliponiwekea sombe imetwangwa asubuhi ileile, mawese ya hapahapa Kigoma yanaelea juu mekundu, na ugali wa muhogo wa moto, niliinama nikala kimya maana machozi yalikuwa yananitoka. Hakuuliza kitu, akaniongezea mboga.

Mgebuka wa kuchoma na ugali 5,000, dagaa 3,000. Wahi kabla ya saa saba mchana, ukichelewa mgebuka umeisha. Huduma taratibu kidogo, na siku ya pili samaki alikuja amepoa, nikasema, wakapasha. Choo hamna.

Benchi ni moja refu, unabanana na wabeba mizigo na watu wanaosubiri boti, Waha, Warundi, Wabembe, kila mtu na Kiswahili chake, ukisema bugali badala ya ugali hakuna anayekushangaa. Mama naye watoto wawili wako Australia, mmoja bado kambini. Simu anaiegemeza kwenye dumu la mafuta akiwa anasonga, binti yake yuko hewani huko, muda mwingi hawaongei hata, siku moja nikamsikia binti anasema mama nigeuzie nione maji, mama akaacha mwiko akaishika simu kuelekea ziwani, ugali ukashika chini kidogo na wateja wote tukakaa tunasubiri, hakuna aliyelalamika.

Kaeni mwisho wa benchi upande wa ziwani, asubuhi kukiwa kweupe milima ya Kongo inaonekana ng'ambo. Mi nimezaliwa kule ila viza sikupata, nimeishia kuangalia kutoka hapo.

Jumamosi naondoka. Kanifungia dagaa kilo mbili na chupa ya mawese, kaifunga mifuko mitatu isivuje, hela ya mawese kakataa kabisa.