Supu ya njegere za kupaaza: viungo mwanzoni au mwishoni?

Wengi wetu hukaanga kitunguu, tangawizi na bizari kwanza, kisha hutia njegere kavu zilizopaazwa na maji, vikachemka pamoja kama saa moja. Ladha hukolea, ila harufu nyingi huishia hewani.

Tadka ya Kihindi, yaani viungo vya kukaangwa kwa samli na kumiminwa mwishoni, huenda kinyume. Njegere huchemshwa na manjano tu mpaka zivurugike. Pembeni pasha samli, tia mbegu za haradali. Zikianza kurukaruka, ongeza jira, kitunguu saumu na pilipili kavu. Usiondoke jikoni, maana jira huungua upesi ikawa chungu. Saumu ikipiga wekundu tu, mimina yote juu ya supu ichachatike, ufunike mara moja.

Mimi nachagua tadka bila kusita. Ndimu, kwa njia yoyote, ikamuliwe sufuria ikishaepuliwa.