Pete ya kudhibiti nyufa za wakati, uzoefu wangu baada ya kuitumia kazini

Tuanze na hili maana wengi wanalikosea: hii pete haifungi ufa. Kazi yake ni kuushika usitanuke na kuutuliza taratibu mpaka ndani na nje muda uende mwendo mmoja, ikifika hapo ufa unaziba wenyewe. Mi niko timu ya dharura, tumetumia sana zile mashine za zamani za kuubana ufa kwa nguvu na kiukweli sitaki kurudi huko, ukibana ghafla ufa unafunga kweli ila kama kuna mtu ndani ndo umemfungia na yeye, na sisi tunaenda pale kwa ajili ya huyo mtu jamani.

Ndani yake kuna saa mbili za atomu. Moja imefungwa kwenye ukingo unaogusa ufa, nyingine iko kwenye kisanduku unachokiweka mbali, katikati kuna kebo. Zote zinahesabu mitetemo ya sesiamu, 9,192,631,770 ndo sekunde moja, kipimo kile kile ambacho dunia inakitumia tangu 1967, na skrini inakuonyesha tofauti ya hizo saa mbili basi. Haikadirii kitu. Nimesikia watu wanabisha eti saa tu zitajuaje ukubwa wa ufa, sasa mwaka 1971 wanasayansi wawili, Hafele na Keating, walipanda ndege za kawaida za abiria na saa za sesiamu wakaizunguka dunia, walipoenda mashariki saa zikarudi zimebaki nyuma nanosekunde (sekunde ukiigawa mara bilioni) kama 59, walipoenda magharibi zikarudi zimetangulia kama 273. Kama safari ya ndege tu saa inaikamata, ufa utajifichia wapi?

Ila kisanduku kiwekeni usawa mmoja na pete. Saa iliyo juu inaenda haraka kidogo kuliko ya chini, kila mita 100 za kupanda ni karibu nanosekunde 1 kwa siku, kwa hiyo ukiacha pete bondeni na kisanduku juu mlimani skrini haitakaa ifike sifuri na mtakesha mnalinda ufa ambao ulishaziba.

Sasa nije kwenye kitu ambacho kwangu ndo sababu ya kuinunua, pazia la mwanga. Chukua ufa ambao ndani muda unaenda nusu ya mwendo wetu. Ukiusogelea unaona giza, mtu aliyeko ndani hata akiwasha tochi huioni, kwa sababu mwanga wake ukitoka huku mawimbi yamerefuka mara mbili, ule mwekundu mpaka wa zambarau wote umeshageuka infraredi ambayo jicho halioni. Sauti yake unaisikia, nzito na ya kuvutika. Basi kila anayefika mara ya kwanza anafanya kile ambacho mtu yeyote angefanya gizani, analeta taa, tena kubwa, anamulika. Na huko ndani mwanga wetu unaingia mawimbi yamekatwa nusu, taa ya kawaida kabisa kwake inakuwa miale ya urujuanimno, inaunguza ngozi na macho, halafu inamfikia kwa nguvu mara nne maana kila chembe ya mwanga ina nishati mara mbili na zinafika mara mbili zaidi kwa sekunde yake. Mtu anapiga kelele zimeni, sisi tunasikia mngurumo tu hatuelewi. Nimeshaona fundi mmoja anatolewa macho yamevimba hawezi kuyafungua, tulikuwa bado na mashine ya zamani, na inaniuma mpaka leo kwa sababu ufa wenyewe haukuwa umemfanya kitu.

Pete inateremsha pazia linalochuja mwanga unaoingia na hilo tatizo linaisha. Lakini pazia unaliwasha mwenyewe! Halijiwashi, na maelezo yake wameyaweka kurasa za mwisho kabisa za kitabu, baada ya mambo ya usafi wa kebo. Hili sikubaliani nalo hata kidogo, lilitakiwa liwe jambo la kwanza pete inalofanya ikiguswa na ufa.

Njia ya sauti nayo nzuri sana. Redio za mkononi hazipiti kwenye ufa kwa sababu masafa yanahama, unaita huku yeye anapokea kwingine kabisa, pete yenyewe inasawazisha sauti pande zote mbili mnaongea kama kawaida. Unamwambia kaa hapo hapo, usiuguse ukingo, funika macho. Mtu aliyetulia anatoka salama, aliyechanganyikiwa anarukia ukingo wakati tofauti bado ipo na hapo ndo watu wanaumia vibaya.

Betri iko sawa. Uzito watu wawili mnabeba.

Kingine cha kulalamika na hiki ni kikubwa: kebo ikilegea, pete inahamia saa za setilaiti bila kukwambia, hakuna mlio hakuna taa. Sio kwamba setilaiti ni mbovu, saa za GPS zinatangulia karibu mikrosekunde 38 (mikrosekunde ni sekunde ukiigawa mara milioni) kwa siku na hilo linasahihishwa siku zote, shida ni kwamba ndani ya majengo mawimbi ya setilaiti yanakatika, skrini inaganda kwenye namba ya mwisho na wewe unaamini ufa umetulia kumbe unatanuka. Nimewaandikia watengenezaji, wakasema apdeti inakuja. Mpaka ije, sisi kila tukitoka kuna mtu mmoja kazi yake ni kukaa na kebo tu, haendi popote, na kama timu yenu haina mtu wa kumtoa kwa hiyo kazi msiinunue kwanza.